Buibui wa Pangoni na Madrasa ya Mahoo

Nimestaafu. Neno hili likitoka kinywani mwangu watu wa Voi hucheka, kwa sababu nina umri wa miaka thelathini na minne na mvi nilizo nazo zimejificha nyuma ya masikio. Mwenye duka la kanzu, ambaye ofisi yetu iko nyuma ya duka lake, aliniuliza kama nimefukuzwa. Nilimwambia hapana, nimechoka. Aliendelea kuniangalia kama mtu anayesubiri sentensi imalizike, lakini ilikuwa imekwisha.

Nawaandikia ninyi wawili mliorithi meza yangu. Habari za vyeo sina, na za mshahara tuziache tusije tukahuzunishana. Nitawaeleza kazi ilivyo kwa mtu anayeifanya kila siku, na nitawaeleza pia habari ya Mahoo, kwa maana mtaisikia kwa wengine na kila mmoja atawapa yake. Niwaonye tu kwamba mimi ni mtu wa wasiwasi. Aya hii mnayoisoma nimeiandika na kuifuta hata mke wa jirani, aliyekuwa akianua nguo, akaniuliza kama ninajibu barua ya mahakama. Mkiona mahali nimejieleza kupita kiasi, mniwie radhi. Huo ndio ugonjwa wenyewe.

Nilikuja ofisini nikiwa muuza vocha za simu karibu na stendi. Kiarabu nilikuwa nimejifunza peke yangu, kwa kitabu cha sarufi kilichonyofoka kurasa za mwanzo, kwa hiyo nilianzia sura ya tatu. Mpaka leo sijui sura mbili za kwanza zilisema nini, na kila ninapokosea nahisi ni huko. Mengine niliyaokota kwa watangazaji wa mpira wa nchi za Ghuba, ndiyo maana nilijua kusema kona na golikipa kabla sijajua kusema urithi. Nilisikia kwamba Maalim Athmani anatafuta mtu wa kusoma vitabu, nikaenda na ukurasa mmoja niliotafsiri. Mikono ilinitoka jasho mpaka wino ukachafuka.

Maalim Athmani alikuwa mwalimu wa shule ya msingi kabla ya kustaafu, kustaafu kwa kweli, si kama kwangu. Watu wa kwao walitoka Mombasa zamani, lakini yeye alizaliwa Voi na alivaa koti la kijivu hata katika joto letu. Ndiye aliyeianzisha ofisi ili kuandaa vitabu vya tarehe, yaani historia, ya Kiislamu kwa madrasa za kaunti nzima: maisha ya Mtume, masahaba, na vizazi vya mwanzo. Hakuniuliza cheti, jambo la bahati kwangu. Hata ukurasa wangu aliuweka kando bila kuusoma.

Wiki hiyo lori la katani lilikuwa limepinduka kwenye njia panda ya kwenda Mwatate. Hakuna aliyeumia, ila dereva alivunjika heshima. Maalim aliniambia niende nikawaulize walioona, kisha nimwandikie ilivyotokea. Nilimpata mama muuza mahamri, akasema dereva alimkwepa mbuzi. Fundi wa pikipiki akasema tairi lilipasuka. Mlinzi wa ghala akasema dereva alisinzia. Nilirudi, nikakaa, nikaandika ukurasa mtamu sana: dereva alisinzia, akazinduka, akamwona mbuzi, akamkwepa, na tairi likapasuka.

Maalim alisoma huku akitabasamu. "Ajali yako hii ni nzuri kuliko ile yenyewe," akasema. "Nani alikwambia dereva alisinzia, halafu akamwona mbuzi?"

Nikamwambia hakuna mmoja aliyeniambia yote.

"Basi hakuna aliyekwambia."

Alinirudisha niandike watatu wale, kila mmoja na lake, na niseme kila mmoja alikuwa amesimama wapi. Nilipomrudia mlinzi kumuuliza alikuwa amesimama wapi, ikatokea kwamba hakuwa kazini siku hiyo. Alisimuliwa na shemeji yake, na shemeji mwenyewe alikuwa Maungu. Nilipoeleza hayo, Maalim akavuta kiti cha pili karibu na meza na kuniambia nikae. Ndivyo nilivyoajiriwa.

Kazi yote iko ndani ya lori lile. Vitabu vya kwanza kabisa vya maisha ya Mtume viliandikwa zaidi ya miaka mia moja baada yake, na kile kikongwe zaidi tunacho kwa sehemu kubwa kupitia watu waliokuja nyuma, waliokipunguza na kukipanga upya. Kabla ya hapo habari zilikuwa vinywani mwa watu na katika karatasi zao chache. Ndiyo maana kila kisa kilibebwa pamoja na majina: fulani amesema amepokea kwa fulani, naye kwa fulani. Sisi tunayashika majina hayo moja moja. Je, walikutana? Waliishi mji mmoja? Huyu alikuwa na kumbukumbu nzuri, au uzeeni ilimtoka? Kuna vitabu vinene vya wasifu wa wapokezi hao, wanaume kwa wanawake, na nimewasoma mpaka najua ni nani alivurugikiwa baada ya vitabu vyake kuungua, ilhali binamu zangu wa Mombasa siwajui hata majina.

Kuhusu vifaa, msiiamini ile kompyuta peke yake. Ina maelfu ya vitabu vya Kiarabu, na unatafuta jina kama unavyotafuta namba ya simu, lakini aliyevichapa humo naye alikuwa akisinzia wakati mwingine. Fungueni kitabu cha karatasi, mlinganishe. Feni isielekezwe mezani. Na umeme ukikatika msikasirike. Mimi mambo mengi niliyaelewa nikiwa nimekaa mbele ya kioo cheusi nikisubiri.

Halafu kuna makala za vyuo vikuu vya ng'ambo. Vijana huzisikia kwenye simu zikiwa zimekatwakatwa, wanakuja wamebadilika rangi: eti wataalamu wamesema hakuna lolote linalojulikana kuhusu karne ya kwanza. Mara ya kwanza niliposoma mojawapo nzima, niliificha mkobani siku mbili. Niliogopa kumwonyesha Maalim. Yeye aliichukua, akasoma mpaka mwisho huku akipigia mistari, akasema mtu huyu ameuliza maswali mazuri na amejibu mawili kwa pupa. Akanituma nitafute wengine wanaompinga katika vyuo hivyohivyo. Ndipo nilipojifunza habari za hati za mafunjo za Misri, za sarafu, za maandishi ya mawe ya njia za msafara, na za kurasa za ngozi za Qur'ani ambazo maabara zimezipima na kuzikuta ni za zamani sana. Mengine yalithibitisha tuliyofundishwa, mengine yakanyamaza, na machache yakatusumbua. Yanayosumbua tuliyaweka kwenye faili la peke yake, na Maalim alikuwa akilifungua kila Ijumaa baada ya swala, kama mtu anayemjulia hali mgonjwa.

Kesi ngumu mara nyingi hazikutoka ng'ambo. Mwalimu mmoja wa Njukini alinipigia simu akitaka tarehe kamili ya kuzaliwa Mtume. Nilimweleza kwamba wa mwanzo walihitilafiana, kila mmoja akataja siku yake katika mwezi, na hata mwaka wenyewe una maneno. Akasema yeye aliomba tarehe, hakuomba mkutano. Mwezi huo nilikwenda Chawia kumwona nyanya, mama yake mama, ambaye ni mtu wa kanisa. Nikamsimulia. Alikuwa akichambua maharage. Akaniambia hata wao Krismasi hawajui kama ndiyo siku yenyewe, pasta aliwahi kuwaambia, lakini kuku huchinjwa vilevile. Kisha akaniuliza kama ni kwa ajili ya hayo ndiyo nimekonda.

Na nilikuwa nimekonda. Nilisoma kila prufu, ile nakala ya kusahihishwa kabla ya kuchapwa, hadi herufi zikaanza kutembea. Nikishapeleka kazi kwa mpiga chapa nilikuwa nikirudi tena kuangalia jina moja, nikirudi tena kuangalia kama nimeliangalia. Maalim aliniambia kuna watu shetani huwajia kwa uvivu, na mimi hunijia kwa bidii. Nilicheka, lakini maneno yale nilikwenda nayo nyumbani na sikuyapenda.

Sasa nije kwenye Mahoo.

Kazi yetu kubwa ya mwisho ilikuwa mwongozo wa walimu wa madrasa. Visa vyote vinavyofundishwa watoto, kwa mpangilio, na pembeni mwa kila kisa herufi moja. S, yaani sahihi, kwa kilichothibiti. D kwa kilicho dhaifu, yaani njia iliyokileta kwetu ina tundu mahali fulani, jina lisilojulikana au mtu asiyetegemewa. Visa vya kubuniwa hatukuviingiza kabisa, na katika utangulizi tulisema hivyo waziwazi. Kuweka herufi ilikuwa kazi yangu.

Nikafika kwenye pango. Mtume na sahibu yake walipotoka Makka wakifuatwa, walijificha pangoni, na hilo halina shaka, limo katika Qur'ani yenyewe. Lakini kila mtoto wa madrasa anajua zaidi ya hapo: buibui alitanda utando mlangoni, njiwa wakatua na kutaga, na waliokuwa wakiwasaka wakasema hakuna aliyepita hapa. Njiwa hawakunisumbua, njia yao ni mbovu. Buibui ndiye aliyenikosesha raha. Wako wanazuoni wakubwa waliosema njia yake si mbaya, na wako wakubwa wengine waliosema ni dhaifu. Niliwasoma wote. Nilikwenda na kurudi. Mwishowe nikaandika D.

Maalim aliuliza, "Una hakika?"

"Nina tahadhari," nikasema.

Aliitazama ile herufi kitambo, akageuza ukurasa. Nilijiona nimefaulu. Nilifikiri D haiwezi kumdhuru mtu yeyote, kwa sababu hakuna aliyewahi kulaumiwa kwa kujihadhari. Mpaka leo sijui kama nilikosea. Najua tu kilichofuata.

Mwongozo ulisambazwa, na baada ya muda mfupi mkulima mmoja wa ndizi akapiga simu kutoka Mahoo, huko Taveta. Akataka kujua sisi tulimwandikia nini mwalimu wao. Bi Zuhura amefunga madrasa, akasema. Haumwi, hajagombana na mtu, amefunga tu, na watoto wanashinda kwenye mifereji ya maji. Madrasa nyingine iko mbali, ng'ambo ya barabara kubwa, na wadogo hawawezi kwenda peke yao. Ameulizwa na wazee, ameulizwa na akina mama. Anawaambia kitu kimoja, kwamba yeye si mtu wa kufundisha tena.

Nilimwangalia Maalim nikitarajia aseme twende. Alikuwa akipangusa miwani. "Herufi ni yako," akasema. "Nenda wewe."

Nilikuwa nimeshaamua moyoni kwamba mwongozo huo ukitoka nitaacha kazi. Nilikuwa nataka kuondoka kama mtu anayefunga mlango taratibu. Badala yake nikajikuta kwenye basi la Taveta na mkoba wa vitabu vizito mapajani, kana kwamba mwanamke yule anahitaji kuonyeshwa ushahidi. Njia nzima nilikuwa nikitunga hotuba. Ilikuwa na sehemu nne.

Nyumba ya Bi Zuhura iko nyuma ya migomba, na madrasa ni banda la mabati alilojengewa na wazazi ubavuni mwa nyumba. Nilikuta mlango wake umefungwa kwa kipande cha kanga. Mwenyewe alinipokea kwa heshima zote, akanitandikia mkeka barazani, akaleta chai na ndizi mbivu, akauliza habari za Voi, za mama yangu, za joto. Ni mtu wa makamo anayeelekea uzeeni, mwembamba, aliyehamia Taveta na mumewe wa biashara miaka mingi nyuma na kubaki baada ya mume kufa. Alipomaliza salamu alinitazama vizuri.

"Mimi nalidhani mtu wa kuandika D juu ya kisa alichonifunza babangu ni mzee mwenye ndevu nyeupe," akasema. "Kumbe ni wewe. Umeoa?"

Nikasema bado.

"Naona. Kula ndizi."

Nilianza hotuba yangu. Nikaeleza maana ya dhaifu, kwamba si uongo. Akaninyamazisha kwa mkono, bila ukali. Utangulizi alikuwa amesoma, akasema, na ameuelewa, asidhaniwe hajui kusoma. Akanieleza mwenyewe jinsi anavyofundisha kisa kile. Siku hiyo hufunga uzi mwembamba kwenye mlango wa banda, kutoka nguzo hii hadi ile, na watoto wote hupita chini yake wakitambaa ili wasiukate. Anayeukata amewaonyesha maadui njia. Watoto wakubwa wenye vurugu, aliniambia, wale wasiosikia la mtu, hapo hutambaa kama paka. Amewafunza hivyo mama zao. Wako wanawake wa Mahoo leo, wana watoto wao, wakiuona uzi wa buibui nyumbani hawaufagii mpaka waseme bismillahi.

"Na miaka yote hiyo sikusema hata siku moja kwamba kisa hiki kina maneno," akasema. "Nilisema, buibui alikuja. Kama mtu aliyekuwako. Sikukasirika nawe, mwanangu. Nimeogopa. Mtu hasimulii juu ya Mtume anavyotaka. Nitaulizwa."

Hapo nilisahau sehemu zote nne. Nikafungua vitabu, nikamwonyesha kwamba si wote waliomkataa buibui, kwamba wako waliompokea, na majina yao makubwa. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Basi mbona hukuandika hivyo?"

Nikasema nafasi ya pembeni ilikuwa ndogo.

Aliingia ndani, akatoka na mwongozo wetu, akaufungua kwenye ukurasa ule na kuuweka mbele yangu. Pembeni palikuwa peupe kutoka juu hadi chini, na D yangu imekaa katikati kama inzi. Akapitisha kidole kwenye ule weupe wote. Nilikunywa chai, ikanichoma, nikaendelea kuinywa.

Kisha nikamwambia ukweli ambao hata Maalim sikumwambia. Nilimwambia kwamba sikuandika D kwa sababu nilijua. Niliiandika kwa sababu sikujua, na S ingenikosesha usingizi. Nikamweleza jinsi ninavyorudia kuangalia mambo, kitabu kisicho na kurasa za mwanzo, na kwamba mara nyingi ninapoweka herufi ninakuwa najikinga mimi, sio kumsaidia mwalimu yeyote. Nikamwambia pia kwamba ninaacha kazi.

Akacheka kidogo, kwa puani. "Wewe umeandika kwa woga, mimi nimefunga kwa woga," akasema. "Na watoto wako mferejini. Watu wazima tumeketi hapa twala ndizi."

Nikamwambia afungue tu, asimulie, kisha aseme kwamba kisa kimepokewa hivi na wanazuoni wamehitilafiana.

"Husomeshi watoto wewe," akanijibu. "Mtoto wa miaka saba umwambie wanazuoni wamehitilafiana? Mtoto ataka kujua buibui alikuwako au hakuwako."

"Basi mwambie hujui."

Nilisema hivyo kwa wepesi, kama mtu anayetaja njia ya mkato, na mara nikaona nimegusa mahali penyewe. Alikunja mwongozo akauweka magotini. Akasema polepole kwamba neno hilo hajawahi kulisema mbele ya watoto tangu siku ya kwanza. Babake hakulisema. Wazazi wa Mahoo ni watu wa shamba, wengine hawakusoma hata kidogo, na walimjengea banda lile kwa sababu mmoja kati yao anajua. Wakisikia watoto wakirudi nyumbani na habari kwamba mwalimu hajui, wataendelea kuwaleta kwake kwa lipi? Hapo ndipo nilipoelewa kwa nini mlango umefungwa. Dhambi ya zamani alikuwa ameshaitubia, naamini hivyo. Ila hakuona namna ya kusimama tena mbele yao na kusema kweli, na kusema lisilo kweli hakutaka.

Ninyi wawili mkifika hapo, na mtafika, jibu msilitafute kwenye kompyuta. Maji ya mfereji yalisikika nyuma ya migomba, na sauti za watoto huko, mmoja akimpigia mwenziwe kelele amrudishie kandambili.

"Sauti ya nani hiyo?" nikauliza, ili tu kusema kitu.

"Hiyo Rukia," akasema. "Hasikii la mtu."

Akainuka. Sijui alichoamua, wala kama alikuwa ameamua. Alikwenda kwenye kona ya nyumba akawaita kwa majina, mmoja mmoja, kwa sauti ambayo sikutarajia katika mwili mwembamba vile, na wakaja wakichuruzika maji, wakiwa hawaamini. Alifungua ile kanga mlangoni. Mimi aliniamuru nikae nyuma na wadogo, miguu nimeikunja, mkoba niuache barazani.

Akasimulia. Nimesoma kisa kile katika vitabu vingi na sikuwahi kukisikia hivyo. Alisimulia kiza cha pango na sauti za nyayo juu ya mawe. Sahibu akaogopa, akasema mmoja wao akitazama chini ya miguu yake atatuona, na Mtume akamtuliza. Mpaka hapo yote yalikuwa yamethibiti, nami nilikuwa nikihesabu kimoyomoyo kama mhasibu, nikijichukia. Kisha akafika mlangoni mwa pango. Akanyoosha mikono yake miwili, akaanza kutanda kwa vidole, taratibu, upande huu na upande ule, na watoto wote wakaacha kuvuta pumzi. Nami nikaacha.

"Mwalimu," Rukia akasema. Alikuwa ameketi mbele, nguo yake bado inatiririka. "Lakini huyo buibui, alikuwako kweli? Ama ni hadithi tu?"

Mikono ya Bi Zuhura ilibaki hewani. Hakunitazama. Niliinamisha kichwa, nikatamani ningekuwa na kalamu nifute kitu, chochote.

"Sijui," akasema.

Mtoto aliyekuwa kando yangu aligeuka akaniangalia, kana kwamba mimi ndiye mwenye makosa.

"Pango, najua," Bi Zuhura akaendelea. "Wale wawili, najua. Mungu alikuwa nao, hilo najua. Buibui nalisimuliwa na babangu, naye alisimuliwa na mwalimu wake, na huko juu zaidi wako waliosema alikuwako na wako waliosema hatuna hakika. Mimi mwenyewe sijui."

Rukia alifikiri. Aliyakamua maji kwenye pindo la nguo yake, akaangalia ile mikono iliyokuwa bado imenyooshwa.

"Haya," akasema. "Endelea."